Bei ya Nyumba na Saini ya Mke

Kutamani nyumba yako mwenyewe ni jambo jema. Papa Leo XIII, katika barua yake Rerum Novarum ya mwaka 1891, alifundisha kwamba baba wa jamaa ana haki ya kuwa na mali ya kudumu, apate kuwatunza watoto wake na kuwaachia urithi. Wala hakuna mali ya kudumu ambayo watu wetu huielewa upesi kuliko nyumba. Mpangaji huishi kwa mashaka. Leo kodi imepandishwa, kesho aambiwa ahame kwa kuwa kijana wa mwenye nyumba anaoa. Mara nyingi katika miji yetu kodi hudaiwa ya miezi sita au ya mwaka mzima kwa mara moja, na baba asiye nayo huanza kukopa huku na huku. Basi hatushangai kwamba mfanyakazi mwenye mshahara, aonapo tangazo la mkopo wa nyumba, husimama akalisoma mara mbili.

Hatuna nia ya kumkataza. Twataka kuuliza swali ambalo, kwa maoni yetu, haliulizwi vya kutosha katika nyumba za Wakristo: nani apaswa kuijua bei yote ya nyumba hiyo kabla saini haijatiwa?

Mikopo ya namna hii si jambo geni kabisa kwetu. Benki ya Nyumba Tanzania ilianza kazi mwaka 1973, ikafungwa katika miaka ya 1990, na kwa muda mrefu baadaye mtu wa kawaida hakuwa na njia ila kujenga kidogo kidogo kwa akiba yake. Mwaka 2008 Bunge lilipitisha sheria mpya ya mikopo ya nyumba, na mwaka 2010 ikaundwa kampuni ya kuyapatia mabenki fedha za muda mrefu kwa kazi hiyo. Tangu hapo miaka ya kulipa imerefushwa, hata ikafika ishirini na kupita. Riba, lakini, imebaki juu: taarifa za Benki Kuu za mwanzo wa miaka ya 2020 zilitaja asilimia 15 hadi 19 kwa mwaka.

Tuseme, basi, kwamba mwalimu na mkewe aliye muuguzi wamekopa shilingi 60,000,000 kwa riba ya asilimia 16, walipe kwa miaka 20, kiasi kile kile kila mwezi. Kila mwezi watatoa shilingi 834,750 hivi. Hiyo ndiyo namba wanayotajiwa, na ndiyo wanayoipima na mishahara yao. Lakini miaka 20 ni miezi 240. Zidisha, nawe utapata shilingi milioni 200 na zaidi kidogo. Nyumba moja itakuwa imelipiwa mara tatu na theluthi.

Hata jumla hiyo haijaeleza yote. Riba ya kila mwezi huhesabiwa juu ya deni lililobaki, na deni lingali kubwa, riba hula karibu malipo yote. Katika malipo ya mwezi wa kwanza, shilingi 800,000 ni riba. Zinazopunguza deni ni 34,750 tu. Mwisho wa mwaka wa kwanza mwalimu na mkewe watakuwa wametoa milioni 10, na deni litakuwa limepungua kwa shilingi 449,000 hivi, yaani chini ya nusu milioni. Baada ya miaka 10 wametoa milioni 100. Mwalimu huenda akadhani kwamba nusu ya nyumba sasa ni yake. La! Bado anadaiwa karibu milioni 49.8, amelipa kama sehemu moja katika sita ya fedha alizokopa. Nusu ya deni haitafikiwa mpaka mwaka wa kumi na sita unapokaribia kwisha, na mtoto aliyezaliwa wakati wa kuhamia nyumba hiyo atakuwa tayari yuko sekondari.

Tena kuna ada ya mthamini, ada za wanasheria na za kusajili rehani, bima ya nyumba na bima ya maisha ya mkopaji. Mikataba mingine humwachia mkopeshaji nafasi ya kubadili riba: ikipanda tangu mwanzo kutoka asilimia 16 kufika 18, malipo ya kila mwezi huwa karibu shilingi 926,000. Marekani, katika miaka ya 2007 na 2008, watu wengi sana walipoteza nyumba zao, na miongoni mwao wamo waliovutwa na riba ndogo ya miaka ya kwanza, ambayo kwa mujibu wa mkataba wenyewe ilikuwa ipande baadaye. Lilikuwa limeandikwa, walilisoma wachache.

Msomaji mwenye kujua hesabu atatupinga hapa, naye ana haki. Shilingi ya mwaka wa ishirini haitanunua kile inachonunua leo. Mshahara huenda ukapanda, na malipo yaliyokuwa mzigo mwanzoni yakawa mepesi mwishoni. Kadhalika, si haki kuiweka milioni 200 kwenye mizani bila kuweka upande wa pili kodi ya miaka 20, ambayo mpangaji huitoa na kubaki bila hata tofali. Yote hayo ni kweli, na kwa sababu hiyo hatusemi kwamba mkopo ni ubaya. Kuna tofauti moja tu, lakini ni kubwa. Mpangaji aliyefikiwa na shida huweza kuhamia chumba kidogo zaidi. Mwenye rehani hawezi kupunguza miaka michache ya taabu kwa kuhama. Akishindwa kulipa, nyumba huuzwa, na aliyoyalipa katika miaka ya mwanzo, kama tulivyoona, karibu yote yalikuwa riba.

Kanisa limelifikiri jambo la riba kwa muda mrefu kuliko benki yo yote. Mtakatifu Tomaso wa Akwino alifundisha kwamba kudai malipo kwa ajili ya matumizi ya fedha yenyewe si haki, lakini alikubali kwamba mkopeshaji aliyepata hasara kwa kukopesha aweza kufidiwa. Wafransisko wa Italia walifungua nyumba za kuwakopesha maskini, kama ile ya Perugia ya mwaka 1462, na Mtaguso Mkuu wa Tano wa Laterano mwaka 1515 ukakubali kwamba nyumba hizo zitoze kidogo kwa gharama za kazi. Mwaka 1745 Papa Benedikto XIV, katika barua Vix Pervenit, alihukumu tena faida inayodaiwa kwa sababu ya mkopo peke yake, bila kukana kwamba kunaweza kuwa na sababu nyingine halali za kulipwa. Katika yote hayo twaona kwamba Kanisa halikuridhika kuuliza tu kama mkopaji alikubali. Liliuliza alikubali nini, na kwa sababu gani, na kama shida yake ndiyo iliyomtia saini.

Katika kitabu cha Nehemia, sura ya tano, watu wa Yerusalemu walilia kwamba wameweka rehani mashamba, mizabibu na nyumba zao ili wapate nafaka wakati wa njaa, na kwamba watoto wao walikuwa wakiingia utumwani. Nehemia aliwakemea wakubwa, akawataka warudishe. Wasomaji wengi hulikumbuka hilo. Pengine hawakuangalia kwamba Maandiko yasema waliolia walikuwa watu pamoja na wake zao. Wanaume wangeweza kulia peke yao, maana mashamba yaliitwa yao. Lakini mke ndiye aliyejua nafaka imebaki kiasi gani, na mtoto yupi ameondoka nyumbani.

Sheria ya nchi yetu imeliona jambo hilo. Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971 inamkataza mume au mke kuiuza au kuiweka rehani nyumba ya ndoa bila ridhaa ya mwenzake, na Sheria ya Ardhi ya mwaka 1999 inamtaka mkopeshaji apate ridhaa hiyo kabla rehani haijawa halali. Ni sheria njema. Lakini sheria yaweza kudai saini tu. Haiwezi kuingia nyumbani na kuona saini hiyo ilipatikanaje. Twajua inavyopatikana mara nyingi. Mume arudi jioni na karatasi nyingi mkononi, nyingine za Kiingereza, aweka kidole mahali pa chini na kusema, “Mama Fulani, tia saini hapa, ni mambo ya benki.” Mke aliye mtii atia. Akiuliza, aambiwa kwamba haamini mumewe. Wako na wake wanaokopa bila kuwaambia waume zao. Kosa ni lile lile, ingawa husemwa zaidi barazani.

Twasema wazi: kukubali usichokijua si kukubali. Padre hapokei ahadi ya wachumba mpaka aone kwamba wanajua wanachoahidi. Na mmoja akimdanganya mwenzake kwa hila katika jambo zito ili amwoe, Kanisa laweza kuikuta ndoa hiyo kuwa batili. Watu walioanza maisha yao kwa kukubaliana hivyo, wafanyeje jambo la miaka ishirini kwa kuoneshana mahali pa saini tu? Mume anayemficha mkewe jumla ya deni hamkingi na wasiwasi, kama wengine wanavyojitetea. Anatumia miaka yake ya mbele bila ruhusa. Maana ni yeye muuguzi atakayefanya kazi zamu za usiku katika mwaka wa nane. Ni jikoni kwake nyama itakapopungua. Na mume akifa au akiachishwa kazi, ndiye atakayekuja kuambiwa na wakili mambo ambayo mumewe alipaswa kumwambia.

Wapo na wengine watakaolipa bila kuulizwa. Wazazi wazee kijijini walizoea kupata chochote kila mwisho wa mwezi. Makato yakianza, wao ndio wa kwanza kukatwa, na Amri ya Nne haina likizo ya miaka ishirini. Mtoto mkubwa, aliyeahidiwa shule fulani, ataambiwa angoje. Hatusemi kwamba mtoto apewe kura katika mkopo wa babaye. Lakini kijana wa miaka kumi na minne akielezwa kwamba nyumba hii yagharimu hivi, na kwamba kwa sababu hiyo safari ya Krismasi haitakuwapo, huelewa vizuri kuliko tunavyodhani, na hatamwona baba yake kuwa bahili.

Na mkopeshaji je? Mtakatifu Tomaso, anaposema juu ya kununua na kuuza, humtaka mwuzaji aseme kasoro iliyofichika, kama kasoro hiyo yaweza kumletea mnunuzi hasara au hatari. Karani wa benki, naye pengine ni Mkatoliki anayekaa benchi la mbele siku ya Dominika, asidhani kwamba ametimiza haki kwa kutaja malipo ya mwezi na kukaa kimya juu ya miezi 240. Bwana Wetu alisema juu ya mtu atakaye kujenga mnara, jinsi anavyoketi kwanza na kuhesabu gharama. Mtu yule alikuwa na hesabu yote mbele yake. Wetu hupewa kipande chake kimoja, tena kile kidogo. Orodha ya malipo ya kila mwezi, yenye kuonesha riba kiasi gani na deni kiasi gani, iko katika mashine ya benki tangu siku ya kwanza, na kuichapa ni kazi ya dakika moja. Mwenye kukopa na aidai kabla ya kutia saini, naye mke wake asiguse kalamu mpaka ameiona.

Baada ya kuiona, wengine wataamua kungoja, wajenge kwa kudunduliza: mwaka huu msingi, mwakani kuta, mabati hapo Mungu atakapojalia. Njia hiyo ina gharama zake pia, maana fedha hulala ardhini miaka mingi huku kodi ikiendelea kulipwa, na saruji haishuki bei. Wengine watakopa kidogo kuliko walivyotaka. Wengine watakopa kwa muda mfupi zaidi: milioni 60 zile zile, kwa riba ile ile, zikilipwa kwa miaka 10, hudai shilingi 1,005,000 kila mwezi, na jumla yake ni karibu milioni 121.

Kuna na njia ya katikati. Mkataba uangaliwe kama waruhusu kulipa zaidi ya kiasi kilichopangwa bila adhabu, na kama nyongeza hiyo hukatwa moja kwa moja katika deni. Ikiwa ndivyo, katika mfano wetu, shilingi 100,000 zikiongezwa kila mwezi tangu mwezi wa kwanza, deni la miaka 20 lingekwisha katika miaka 12 na miezi mitatu hivi, na jumla ya malipo ingekuwa kama milioni 137 badala ya 200. Kama shilingi 100,000 hizo zipo au hazipo, mwalimu hawezi kujua peke yake. Nusu ya jibu iko katika mshahara wa muuguzi, na katika daftari ambamo huandika matumizi ya nyumbani.