Kweli Isiyo na Kipimo



Amri ya tisa yatukataza kumshuhudia jirani uongo. Wengi wetu twadhani tumeitimiza maadamu hatujasema jambo lisilokuwapo. Lakini je, mtu aweza kuonyesha mambo ya kweli, na bado akashuhudia uongo? Kazi ya Ron Taylor na mkewe Valerie, wa Australia, yatusaidia kulipima swali hili.

Hao walianza kwa kuua. Walipiga mbizi na kuwinda samaki kwa mikuki, na mwaka 1965 Ron alikuwa bingwa wa dunia wa mchezo huo. Baadaye waliiacha mikuki wakashika kamera, wakawa mashuhuri kwa sinema za viumbe wa baharini, hasa papa.

Ndipo wakaombwa kupiga picha za papa weupe walio hai, huko Australia Kusini, kwa ajili ya sinema iitwayo "Jaws", iliyotoka mwaka 1975. Papa wa hadithi hiyo alitakiwa awe mkubwa kupita wale waliopatikana. Basi akatafutwa mtu mfupi, kikaundwa na kizimba kidogo cha chuma, ili papa apitaye karibu aonekane jitu. Papa alikuwa papa kweli, na bahari ilikuwa bahari kweli. Kipimo tu ndicho kilichobadilishwa.

Mtu atasema, "Ile ilikuwa hadithi, na watazamaji walijua." Walijua, lakini hofu ilitoka nao mlangoni. Wengi waliogopa kuoga baharini, na wengine wakaenda kuua papa kwa kujigamba. Papa si jirani yetu, lakini ni kazi ya mikono ya Mungu, na wahenga walisema: mnyonge mnyongeni, haki yake mpeni.

Akina Taylor hawakunawa mikono. Walikwenda kuwaambia watu kwamba papa si kama alivyoonyeshwa. Tena walimtetea papa mmoja wa kijivu, mpole, aliyesingiziwa kula watu, hata mwaka 1984 akalindwa kwa sheria katika New South Wales. Ron alifariki mwaka 2012, na Valerie akaendelea kuwatetea papa.

Nasi tunavyo vizimba vyetu vidogo. Twasema, "Fedha za kikundi zilikaa kwa mama fulani miezi miwili." Ni kweli. Hatusemi kwamba mtoto wake alikuwa amelazwa hospitali, wala kwamba alizirudisha zote. Kosa lake limekuwa jitu, wala hatukutamka neno moja la uongo.

Kunyamaza baada ya hapo hakutoshi. Zakayo hakusema tu kwamba ataacha kudhulumu, alirudisha. Vivyo hivyo yatupasa kuwarudia wale wale waliotusikia, tuwaeleze na sehemu tuliyoiacha. Ni kazi ya aibu, lakini mwenzetu anatuhitaji tuifanye.

Bwana atupe ndimi zenye kipimo cha haki. Amina.