Je, Ushindi wa Temu Ulikuwa Wake?

Tarehe 13 Oktoba, mwaka 1968, katika jiji la Mexico, Naftali Temu wa Nyamira alishinda mbio za mita 10,000, akawa Mkenya wa kwanza kupata medali ya dhahabu ya Olimpiki. Yamkini wewe, msomaji, umelisikia jambo hilo tangu utotoni, hasa ukiwa mzaliwa wa Kisii au Nyamira. Lakini liko swali lililozuka baada ya mbio zile, nalo lafaa kupimwa bila hasira: ushindi ule ulikuwa wa Temu, au ulikuwa wa hewa?

Jiji la Mexico liko mita 2,240 juu ya usawa wa bahari. Mahali palipoinuka hivyo hewa ni nyepesi, na kila pumzi huingiza oksijeni haba mapafuni. Aliyekulia milimani mwili wake umekwisha kuizoea hali hiyo. Ron Clarke wa Australia, aliyeshikilia rekodi ya dunia ya mbio hizo hizo, alifika wa sita, akaanguka na kuzimia, hata daktari akampa oksijeni. Basi watu wakasema kwamba lau mbio zingalikuwa pwani, Temu asingalishinda.

Neno hili si la kupuuzwa. Temu hakuichagua milima ya Gusii, kama wewe usivyowachagua wazazi wako. Ikiwa sifa ni malipo ya jasho, twamsifuje mtu kwa alichopewa bure?

Hata hivyo, tazama vema. Mwaka 1966 wawili hao walikutana Kingston, Jamaika, mji ulio kando ya bahari, katika mbio za maili sita. Temu akawa wa kwanza, Clarke wa pili. Tena pale Mexico, Mamo Wolde wa Ethiopia naye alikuwa mtu wa nyanda za juu, na Temu alimpita karibu kabisa na utepe, wakaachana kwa sehemu sita za kumi za sekunde. Kipchoge Keino, mwana wa vilima vya Nandi, hakumaliza kwa maumivu ya tumbo. Hewa iliwafaa wote watatu, na mshindi akawa mmoja. Naona basi kuwa hewa ilifungua mlango tu; haikumbeba mtu kuuvuka. Na mlangoni hapo hodi ilikwisha kupigwa na Nyandika Maiyoro wa Kisii, aliyemaliza wa sita katika mita 5,000 huko Roma mwaka 1960, akarudi bila medali.

Kwa hiyo dhahabu ile ilikuwa haki ya Temu. Haki ambayo hakuna mshindi aliye nayo ni kumwita aliyeshindwa mvivu. Mwanafunzi mwenye taa na meza nyumbani si mwizi akiwa wa kwanza darasani. Lakini na asimcheke mwenzake asomaye kwa mwanga wa moto baada ya kuteka maji.

Clarke hakupata kushinda dhahabu ya Olimpiki. Miaka miwili kabla ya Mexico alikwenda Prague kumzuru Emil Zátopek, mshindi wa mita 10,000 huko Helsinki mwaka 1952. Walipoagana, mzee yule alimtia mkononi kifurushi kidogo. Clarke alikifungua baadaye, akiwa amekwisha kuondoka, akaikuta ndani yake medali ya dhahabu ya Helsinki.