Onyesha Palipoloa

Enyi ndugu zangu mnaouza na kununua kwa simu kati ya Mbarara, Kaberebere na Nakivale, mcheni Mwenyezi Mungu! Mtume wetu, rehema na amani zimshukie, alipita sokoni Madina akatia mkono ndani ya rundo la chakula, vidole vikakuta unyevu. Mwenye mali akajitetea kwamba mvua imeinyeshea. Mtume akamuuliza mbona hakuiweka juu ile iliyoloa, watu waione. Kisha akamtoa mdanganyifu katika safu yetu. Imam Muslim ameipokea hadithi hiyo.

Leo nani anaweza kutia mkono ndani ya picha? Mama wa Base Camp, hapa Nakivale, anaona kitenge kwenye status ya WhatsApp, rangi zinawaka. Anatuma pesa, pamoja na ya kutolea. Mzigo unatoka Mbarara, unapitia Kaberebere, na kinachomfikia ni kitambaa chepesi kinachochuja kwenye maji ya kwanza. Aende wapi? Nauli ya kwenda kudai itakula hata kile alichobakiza. Anapiga ile namba, haipokelewi. Sisi wakimbizi wa Nakivale tumetoka Kongo, Burundi, Rwanda, Somalia, Ethiopia. Wengi wetu hatuna hapa mjomba wala mzee wa ukoo wa kupelekewa mashtaka. Kilichobaki kati ya muuzaji na mnunuzi ni neno tu. Wewe unayelivunja, iogope dua ya aliyedhulumiwa, maana haizuiwi na pazia lolote!

Na yupo kijana asiye na duka, asiye na hata pea moja ya viatu. Ananyakua picha ya duka la Kampala, anaongeza elfu ishirini, anapokea pesa, ndipo anaanza kuvitafuta viatu. Vikikosekana, simu inazimwa. Hakim bin Hizam alimuuliza Mtume jambo hilihili: mtu anataka kwangu nisichokuwa nacho, je, nimuuzie kisha nikakinunue sokoni? Akakatazwa kuuza asichonacho.

Ewe kijana, kwa nini ule haramu na mlango wa halali uko wazi? Sema: mimi ni wakala, mali ni ya fulani, ujira wangu ni huu. Akiridhia, kula ujira wako kwa raha. Au fuata biashara ya salam, ambayo Mtume aliikuta Madina, watu wakilipia tende kabla ya mavuno, akaiwekea masharti: kipimo kijulikane, muda ujulikane, na wanavyuoni wakafafanua kwamba sifa za mali zitajwe na bei yote ilipwe papo hapo. "Utafika wiki hii au ijayo, inshallah" si muda unaojulikana. Jina la Allah halikuwekwa liwe kichaka cha kujifichia wadaiwa!

Nanyi mnaowapanga rafiki zenu waandike "nimepokea, mzigo safi sana" ilhali hawajanunua hata sindano, mna tofauti gani na wale wanaopandisha bei mnadani bila nia ya kununua? Hiyo ndiyo najshi, nayo imekatazwa.

Wanunuzi, msitabasamu. Mnaagiza kwa ahadi ya kulipa mzigo ukifika, mwenye bodaboda anakula vumbi la njia nzima, akifika mmezima simu. Mafuta yake nani atayalipa? Mwingine anavaa kanzu Idi nzima, kesho yake anairudisha eti haikumtosha. Sheria imempa mnunuzi haki ya kurudisha kwa ajili ya kasoro; haikumpa kanzu ya kuazima. (Na wale mnaotazama bei imamu akiwa juu ya mimbari: aliyegusa kokoto tu wakati wa hotuba amehesabiwa kufanya upuuzi, sembuse wewe mwenye duka zima kiganjani!)

Basi leo hii, kabla ya Magharibi, fungua simu yako. Picha isiyo ya mali yako ifute, au andika ni ya nani. Kasoro unayoijua itaje kabla hujataja bei. Pesa uliyopokea na mzigo hukuupeleka, irudishe pamoja na ya kutolea. Na kama mwenyewe amekwishapelekwa Kanada au Australia, mtafute huko huko. Namba yake unayo.