Ni Halali, Lakini Je, Ni Haki?



Ndugu msomaji, wiki chache zilizopita, baada ya darsa ya Alasiri, ndugu yetu mmoja alituonyesha video kwenye simu yake. Kozi anaachiwa kutoka mkononi mwa mwindaji jangwani, anapaa juu, kisha anamshukia ndege mkubwa wa rangi ya mchanga na kumwangusha. Tulipiga takbira, na mimi nikiwemo. Dada mmoja akauliza, "Lakini ndege huyo ni wa nani?" Akajibiwa pale pale, "Dada, kuwinda ni halali. Suala limekwisha."

Tangu siku ile nimekuwa nikilifikiria jibu hilo, na naona tulilitoa kwa haraka mno.

Ndege tuliyemwona ni hubara wa Asia, jamaa wa tandawala wetu wa Kidepo na Karamoja. Huzaliana nyika za Kazakhstan, Mongolia na China, ambako jike hutaga mayai yake machache ardhini na kuyaatamia peke yake. Baridi ikiingia, wengi wao husafiri maelfu ya kilomita kuelekea Pakistan, Iran, Iraki na Bara Arabu. Huko ndiko anakowasubiri mwindaji mwenye kozi wake. Idadi ya hubara imepungua, na Orodha Nyekundu ya IUCN inamhesabu miongoni mwa spishi zilizo hatarini.

Kweli, asili ya kuwinda ni ruhusa. Suratul Maida imetuhalalishia windo la wanyama tuliowafunza. Lakini sura hiyo hiyo imemkataza aliyehirimia kuwinda mnyama wa nchi kavu, na mawindo ya Haram za Makka na Madina hayaguswi. Basi hata halali ina wakati wake, mahali pake na kipimo chake. Wanazuoni wengi wamechukia kuwinda kwa ajili ya mchezo mtupu, pasipo haja ya nyama. Kwa hiyo tukisema nyama ya hubara ni halali tumelijibu swali la sahani. Swali la dada yetu lilikuwa la amana.

Tutazame Pakistan. Kwa sheria, mwenyeji wa huko haruhusiwi kumwinda hubara. Mchungaji wa Balochistan akimnasa mmoja kwa ajili ya watoto wake, amevunja sheria. Lakini kila msimu, Wizara ya Mambo ya Nje huwapa vibali maalumu watawala na wakubwa wa nchi za Ghuba. Kibali huweka kikomo, kwa kawaida ndege 100 kwa siku 10. Mwaka 2014 magazeti ya huko yalitangaza ripoti ya maafisa wa wanyamapori kwamba msafara mmoja uliua takriban hubara 2,100 kwa siku 21. Agosti 2015 Mahakama ya Juu ya Pakistan ilipiga marufuku uwindaji huo. Januari 2016 mahakama hiyo hiyo ikaibatilisha hukumu yake.

Wanaotetea vibali wana hoja, na uadilifu unatutaka tuisikilize. Wanasema wageni hao wamejenga hospitali, barabara na viwanja vya ndege. Mfano ni mji wa Rahim Yar Khan, wenye hospitali na uwanja wa ndege vyenye jina la Sheikh Zayed. Wanasema pia kwamba Abu Dhabi na Saudia zina vituo vinavyozalisha hubara na kuwaachia mwituni, na kwamba bila mapenzi ya wawindaji wa kozi hakuna ambaye angetoa fedha hizo. Hilo lina ukweli. Hata Marekani, tangu 1934, mwindaji wa mabata hununua stempu kila mwaka, na fedha zake hununua ardhi oevu ambamo ndege hao wanaishi. Mwindaji anaweza kuwa mlinzi. Ila stempu ile humlazimu mkulima na tajiri vilevile, na kikomo cha ndege kwa siku hakitazami cheo cha mtu.

Hapa ndipo ninapomkumbuka Sayyidna Umar, radhi za Allah ziwe juu yake. Dola ya Madina ilikuwa na hima, malisho yaliyotengwa na kulindwa. Katika Sahihi Bukhari imepokewa kwamba Umar alimweka Hunayy kuwa msimamizi wa hima, akamwagiza amruhusu kuingia mwenye ngamia wachache na mwenye kondoo wachache, na ajihadhari na mifugo ya Abdurrahman bin Auf na Uthman bin Affan. Hawa walikuwa maswahaba wakubwa, wema na matajiri. Umar hakuwashuku. Sababu aliyoitoa ni kwamba mifugo yao ikifa, wao wana mitende na mashamba ya kurudia. Mnyonge mifugo yake ikifa, atamjia Khalifa na watoto wake.

Ndugu zangu, pimeni vibali vya hubara kwa mizani hiyo. Umar alimfungulia mnyonge na kumzuia tajiri. Sisi tumemfungia mchungaji na kumfungulia mwenye ndege yake binafsi. Na Mtume (SAW) alituonya, katika kisa cha mwanamke wa Bani Makhzum, kwamba kaumu za kabla yetu ziliangamia kwa kumwacha mkubwa akikosa na kumwadhibu mnyonge.

Hospitali ni sadaka, na Allah aipokee. Lakini sadaka hainunui kibali cha kuvuka kikomo. Na kama hubara wa kuzalishwa ni wengi kiasi hicho, mwenye hamu ya kozi wake na amwinde huyo, kama inavyofanyika katika hifadhi ya Al Marzoom kule Abu Dhabi, na wale wa mwituni waachwe mpaka idadi yao irudi. Kisha kikomo kiwe kimoja kwa mwenyeji na mgeni.

Wala tusiwanyooshee kidole Waarabu peke yao. Hapa Uganda, Sheria ya Wanyamapori ya 2019 inakataza kuwinda bila kibali. Tukisikia kijana wa kijijini amekamatwa na kanga wawili, tunasema sheria ifuate mkondo wake. Je, tungesema hivyo hivyo kama kanga hao wangekutwa kwenye gari la mheshimiwa? Na sisi tunaonunua kanga njiani tukienda likizo, tumewahi kuuliza wametoka wapi?

Ndege yule wa kwenye video huenda alianguliwa Kazakhstan, akapumzika katika nchi kadhaa, akafia katika nchi nyingine. Hakuna serikali iliyomuumba. Dada yetu aliuliza ni wa nani, na jibu analijua kila Muislamu: ni wa Allah. Sisi ni wasimamizi tu, kama Hunayy, na msimamizi ataulizwa ni nani alimfungulia mlango, na ni nani alimfungia.

Wallahu a'lam.