Nuru Yenye Deni

Katika vitabu vya Mwingereza J.R.R. Tolkien kuna nyota iitwayo Eärendil. Huonekana alfajiri na magharibi, kama Zuhura tunayoijua sisi, lakini yenyewe ni merikebu. Baharia mwenye jina hilo anasafiri angani akiwa amevaa kito kipajini, na kito ndicho kinachong'aa. Watu wa dunia hiyo walipoiona mara ya kwanza waliiita nyota ya tumaini kuu. Wanadamu waliifuata baharini mpaka wakafika kisiwa cha Númenor. Maelfu ya miaka baadaye, Frodo anapewa kichupa cha maji yaliyonasa nuru yake, na nuru hiyo ndiyo inayowaokoa yeye na Sam katika pango la buibui mkubwa.

Mwalimu wetu alitutaka tuandike juu ya tumaini. Nadhani alitegemea jambo jepesi zaidi, na mimi pia nilianza kwa wepesi, kwa sababu nilikuwa nimeipenda nyota hiyo katika The Lord of the Rings. Kisha nikasoma The Silmarillion, kitabu kilichotolewa mwaka 1977 baada ya mwandishi kufariki, nikajua kito kile kimepita mikononi mwa nani.

Fëanor alitengeneza vito vitatu, akatia ndani yake nuru ya miti miwili ambayo sasa haipo tena. Vikaibwa na Morgoth. Fëanor na wanawe saba wakala kiapo cha kumwandama yeyote atakayevishika, na kwa kiapo hicho Waelvi, watu wasiozeeka, wakawaua Waelvi wenzao mara tatu. Mara ya pili walivamia nyumba ya baba yake Elwing. Kaka zake wawili, watoto wadogo, walipelekwa msituni wakaachwa wafe njaa. Elwing akaponea na kito. Alipokuwa mtu mzima, mke wa Eärendil, walimfuata tena huko pwani alikohamia. Naye akajitupa baharini na kito kifuani, na wanawe wawili wakatekwa. Hicho ndicho kito kilichopandishwa mbinguni.

Basi swali langu ni hili: mtu anaweza kuongozwa kwa haki na nuru iliyofika kwake kwa njia ya damu?

Sikuuliza kwa ajili ya Waelvi. Mimi ni Muganda, na bibi yangu, tunayemwita Jjajja, hajaniitikia hata mara moja ninapomsalimu kwa Kiswahili. Mwaka 1973 Idi Amin alitangaza Kiswahili kuwa lugha ya taifa. Kwa Jjajja lugha hiyo haikuja kwa tangazo. Ilikuja usiku, mlangoni, pamoja na bunduki. Maneno anayoyajua ni machache na yote ni amri: fungua, lete, lala chini. Walichukua mbuzi na baiskeli, na babu alipigwa hivi kwamba mkono wake wa kulia haukunyooka tena. Mimi nasoma shahada katika lugha hiyo, na ndiyo ninayoitegemea kunipatia kazi, hasa tangu mwaka 2022 Baraza la Mawaziri lilipoidhinisha Kiswahili kiwe lugha rasmi na kifundishwe shuleni.

Wapo watakaosema kwamba nuru haina hatia. Miti ilikuwapo kabla ya kiapo, na kito hakijamuua mtu. Vivyo hivyo Kiswahili kilikuwa na washairi wake karne nyingi kabla ya Amin, na askari wa Tanzania waliomwondoa mwaka 1979 walisema Kiswahili hicho hicho. Yote ni kweli, lakini naona jibu hili ni la haraka mno. Linamsafisha anayefaidika bila kumwuliza aliyeumia. Elwing hakuua mtu, lakini wanawe walibaki nyuma, naye Elrond, mmoja wao, ndiye ambaye nyumbani kwake Bilbo anaimba wimbo wa Eärendil wageni wote wakisikiliza. Kwa wengine ile ni nyota ya tumaini. Kwake ni baba ambaye hakurudi. Nilipofika hapo nilifunga kitabu kwa muda.

Je, tutupe kilicho na damu? Hilo nalo limo hadithini. Wana wawili wa mwisho wa Fëanor walivipata vile vito viwili vilivyobaki, vikawaunguza mikono. Mmoja akajirusha na chake katika shimo la moto. Mwingine akakitupa chake baharini. Hakuna aliyefufuka. Nami nikiacha shahada yangu leo, mkono wa babu haunyooki.

Kinachonishika zaidi ni kwamba ndugu hao hao, walipoiona nyota mara ya kwanza, walitambua ni kito chao. Na mmoja akasema wafurahi, kwa kuwa sasa kinaonwa na wengi na hakuna uovu wa kukifikia. Nadhani hapo pana jambo. Kito kiliua kilipokuwa mali ya mtu. Kiswahili cha mlangoni kilikuwa mali ya mwenye bunduki: yeye alisema, Jjajja alitii. Lugha ninayojifunza mimi huulizwa na hujibu, na sokoni muuza nyanya ananishinda kwayo bila kunitisha. Hata hivyo sisemi kwamba deni limelipwa. Galadriel, aliyempa Frodo kile kichupa, alikuwa wa ukoo wa Fëanor na aliijua historia yote. Na Sam anapogundua kwamba yeye na Frodo bado wamo katika hadithi ile ya zamani, haachi kutaja huzuni yake.

Likizo iliyopita Jjajja aliniona naandika insha hii akataka kujua inasema nini. Nikamsimulia kwa Kiganda, yote, pamoja na habari zake mwenyewe. Hakusema neno juu ya Kiswahili. Aliuliza kama wale watoto wawili wa msituni walipatikana. Nikamwambia mmoja wa wana wa Fëanor alijuta akawatafuta muda mrefu, hakuwaona.

"Hilo usiliache," akasema, kisha akaniomba nimsogezee mkeka kivulini.