Mtu wa kilima gani?

Siku ukienda kuandikishwa kurudi Burundi unaulizwa mkoa, komini, halafu kilima. Mkoa hausumbui sana, maana wenyewe unabadilika: Rumonge ilikuwa chini ya Bururi, 2015 ikawa mkoa, na 2025 mikoa ikapunguzwa ikabaki mitano, Rumonge haimo. Kwenye kilima ndipo watu wanaanza kusitasita.

Jirani yangu hapa kambini, mama aliyezaliwa Ulyankulu, akarudi Burundi 2009 na kukimbia tena 2015, alijibu: "Mutambara." Mzee mmoja nyuma yake kwenye foleni akamkatiza: "Mwanangu, pale ulipewa nyumba tu. Nyinyi kwenu hasa ni wapi?" Mama akanyamaza. Marehemu baba yake alikuwa anasema "Rumonge, karibu na ziwa", basi. Karibu na ziwa kuna vilima vingi.

Nimekaa na maneno hayo wiki nzima, kwa sababu naona wote wawili walisema kweli.

Mutambara iko jirani na mji wa Rumonge. Kijiji chake ni kidogo, nyumba zinafanana, zimepangwa kwa mistari. Kwa Mrundi hicho ni kitu kigeni. Kwetu kila familia ina rugo lake katikati ya migomba, jirani yuko ng'ambo ya shamba, na wote pamoja ndio kilima. Kukaa kwa mistari tulikujulia Tanzania, kwenye makazi ya Ulyankulu, Katumba na Mishamo.

Tarehe 29 Aprili 1972 waasi Wahutu walishambulia Rumonge na Nyanza-Lac, wakaua Watutsi wengi. Jibu la serikali ya Micombero halikuishia kwa waasi. Wahutu waliuawa nchi nzima, na hesabu nyingi zinavuka laki moja. Waliopona kando ya ziwa wakavuka. Ardhi waliyoiacha wakapewa watu wengine, nyingine ikaingia kwenye miradi ya michikichi. Aliyepewa akalima, akazaa, akazika wazazi wake palepale.

Halafu ikaja sheria ya ardhi ya 1986: ukikaa na ardhi miaka 30 inakuwa yako, na 15 inatosha kama uliipata kwa nia njema. Hebu piga hesabu. 1972 ongeza 30 ni 2002, na mwaka huo nchi ilikuwa bado vitani. Nani angerudi kudai?

Makubaliano ya Arusha ya 2000 yaliahidi kwamba anayerudi arudishiwe mali yake au alipwe fidia. Kuanzia 2008 watu zaidi ya 50,000 walirudi kutoka yale makazi ya zamani. Tume ya ardhi, CNTB, wakati wa Padri Astère Kana iliwaambia wengi wagawane shamba nusu kwa nusu. Wakati wa Askofu Bambonanire iliegemea kumrudishia mkimbizi lote. Kwa asiyejua hata kilima chake hakukuwa na nusu wala lote. Ofisini waliitwa wasio na rejea. Ndio waliojengewa vijiji vya amani kama Mutambara, pamoja na wasio na ardhi, waliohamishwa na vita, na Batwa. Nyumba ilikuwepo, shamba la kulima ndilo lililokuwa shida.

Mzee anaamini kwenu ni penye kaburi la babu. Lakini aliyepewa ardhi baada ya 1972 naye ana makaburi pale sasa. Kaburi haliamui, linaongeza ugomvi. Serikali yenyewe inahesabu inaowakuta. Sensa ya 1979 ilihesabu watu wa Rumonge, na aliyekuwa Ulyankulu hakuwemo. Namba ilikuwa sahihi na bado iliacha watu nje. (Ndugu zetu wa mashirika, mnaopenda jedwali, hili mnalijua kuliko sisi.)

Mimi naona tunachanganya madai na kuwa mtu wa mahali. Dai la shamba haliozi kwa miaka, hasa miaka ambayo mwenyewe alizuiwa kurudi. Ila mama yule hakudai shamba. Alitaja mahali alipoazima chumvi kwa Mtutsi, akasaidiwa kujifungua na Mtwa, na watoto wake wakacheka Kirundi chake cha Tanzania. Miaka sita ya namna hiyo inamfanya mtu wa Mutambara.

Mzee nilipomwambia hivyo alinijibu: "Ndivyo wanavyotaka. Tupewe kijumba, tusahau kilima, yaishe." Hapo sikuwa na la kumjibu, na mpaka leo sina.

Karatasi ina mstari mmoja tu. Mwandikishaji, kijana mpole, aliuliza tena. Mama akasema Mutambara, ikaandikwa. Zamu ya mzee ilipofika alitaja kilima chake herufi moja moja, akainama mezani kuangalia kama kimeandikwa sawasawa.