Haki ya Kubuni Wakati: Mtunzi, Mtafiti na Karani katika Turkana

Mtunzi anayeumba ulimwengu wa kubuni wenye majua mawili hukabiliwa mapema na suala la kalenda. Mwaka utahesabiwa kwa jua lipi? Siku itaanza lini, ikiwa jua moja linatua ilhali la pili lingali utosini? Majibu yake ni huru. Akiamua kwamba juma lina siku tisa, hakuna awezaye kumwambia amekosea. Mhakiki atamdai mwafaka wa ndani tu. Je, yule anayewabunia watu halisi wakati wao ana uhuru uo huo?

Kwa mkazi wa Namoruputh, magharibi ya Lodwar, swali hili si la nadharia tupu. Majua mawili yapo huko, ingawa angani linaonekana moja. La kwanza ni la mvua na mifugo. Mwaka hugawika kati ya akiporo, majira ya mvua, na akamu, majira ya ukavu; nayo miaka ya shida hukumbukwa kwa majina, si kwa nambari. Ukame wa 1979 hadi 1981, ulioandamana na maradhi ya mifugo na uvamizi, unaitwa Lopiar, yaani uliofagia. Jina hilo ni tarehe na ni hukumu kwa pamoja: linaeleza lini, na papo hapo linaeleza watu walitendwa nini. Nambari 1980 haina uwezo huo. Jua la pili ni la ofisi, shule na kitambulisho.

Wasomi nao wamebuni. Mwaka 1969, katika African Religions and Philosophy, John Mbiti alishikilia kwamba wakati wa Mwafrika ni mfuatano wa matukio, na kwamba mustakabali wa mbali karibu haupo. Akauita wakati huo kwa maneno mawili ya Kiswahili, Sasa na Zamani, ilhali ushahidi wake wa kiisimu aliutoa hasa katika Kikamba na Kikikuyu. Msomaji wa Kiswahili hawezi kukosa kushangaa kidogo anapoyakuta maneno yake ya kila siku yamekabidhiwa bara zima. Jina Lopiar linaunga mkono nusu ya hoja ya Mbiti, ile ya matukio. Nusu ya pili inakanushwa na mfugaji yeyote anayeacha malisho fulani bila kuyagusa leo ili yamfae ukavu ukizidi.

Mfano mzito zaidi uko Kalokol, karibu na Ziwa Turkana, penye nguzo 19 za mawe meusi ya volkeno. Waturkana huziita Namoratunga, watu wa mawe, na husimulia kwamba walikuwa wachezaji ngoma waliogeuzwa mawe. Mwaka 1978 Lynch na Robbins walichapisha katika jarida la Science hoja kwamba nguzo hizo zilielekezwa kwenye nyota saba ambazo Waborana hutumia katika kalenda yao, na kwamba zilisimamishwa kiasi cha miaka 300 kabla ya Kristo. Mwaka 1982 Soper alipima upya, akaonyesha kwamba mawe yenyewe yana sumaku na huipotosha dira. Utafiti wa baadaye umeonyesha kwamba nguzo za aina hii magharibi mwa ziwa zilianza kusimamishwa takriban miaka 5000 iliyopita, na Lothagam Kaskazini, mojawapo ya mahali hapo, ni makaburi ya watu wasiopungua 580.

Kosa la vipimo husameheka. Sayansi hujisahihisha, na hapa ilijisahihisha. Linalohitaji kuhojiwa ni daraja zilizotolewa. Simulizi ya wenyeji iliitwa ngano, ile ya watafiti ikaitwa ugunduzi, ilhali zote mbili zilikuwa usomaji wa mawe yaleyale. Na ikitazamwa kwa makini, ngano ndiyo iliyosema kwamba katika mawe hayo mna watu.

Hata hivyo, wafu wa Kalokol hawadhuriki na kalenda waliyobuniwa. Aliye hai hudhurika. Katika kambi ya Kakuma, iliyoanzishwa mwaka 1992, wako wakimbizi wengi ambao hati zao zinasema walizaliwa tarehe 1 Januari, kwa kuwa karani alihitaji kujaza nafasi. Mtunzi wa majua mawili hukiri kwamba amebuni. Hati haikiri. Humtaka mwenye nayo aape kwa tarehe hiyo kila anapovuka mpaka, na herufi moja ikitofautiana, mwongo ni yeye, si karani.

Pengine atasema mtu kwamba dola haiwezi kuhesabu kwa Lopiar. Ni kweli. Lakini fedha ambazo serikali ya Kenya huwapa wazee hutegemea kutimiza miaka 70 kwenye kitambulisho, na mzee wa Namoruputh aliyepunguziwa miaka mitano na kalamu ya kijana atangoja miaka mitano. Anajua ni ukame upi uliomkuta mgongoni mwa mama yake, na wapo wa rika lake wa kumshuhudia. Kazi ya kutafsiri jua moja kwa jingine ameachiwa yeye, asiyejua kusoma. Karani, aliyesomeshwa, hakuwahi kutakiwa kujifunza majina ya miaka.